Mkia wa Filamu ya Wafuaji

Ndugu waombolezaji, kwanza tuapiane kwamba haya hayatavuka turubai hili, maana marehemu alimkataza dada yake kuyasema, na dada yake huyo ndiye mimi niliyepewa kusoma leo, nimejizuia tangu juzi na siri imenishinda.

Marehemu, mtoto wa tatu wa fundi cherehani, alizaliwa tarehe 14 Machi 1948 katika chumba cha uani, akasoma shule ya wasichana hadi darasa la nane mwaka 1963, akajifunza kupiga chapa, na Januari 1967 akaajiriwa ukarani katika ofisi ya filamu, ambako hakukuwa na mwanamke aliyewahi kushika kamera. Mwaka 1971 mpiga picha aliteguka kiuno, bosi akiwa safarini, marehemu akajitwika kamera akaingia dobi ya hospitali kuwarekodi kina mama wafuaji, mvuke ukiziba lenzi naye akiifuta kwa shimizi, ikawa filamu ya kwanza ya mwanamke pale ofisini, ila jina lililoandikwa juu yake lilikuwa la bosi.

Agosti 1973 alifunga ndoa na mwonyesha sinema, mama yetu akilalamika, "Mwanangu kaolewa na giza," wakajaliwa mabinti wawili, na filamu zake zote zilizofuata zilibeba jina lake, lakini ile ya kwanza haikumtoka rohoni.

Mapafu yalianza kumsumbua Juni 2019, akafariki hospitalini Jumanne tarehe 6 Februari 2024. Familia inawashukuru madaktari, majirani waliokesha nasi, na wafanyakazi wenzake.

Sasa lile lenyewe. Katika sherehe ya ofisi, Oktoba 1996, filamu ya wafuaji ilionyeshwa, na wote mlisikia kwamba shemeji, mume wa marehemu, alisinzia asizime mashine, hata akakaripiwa. Shemeji, inama tu, watu washajua. Hakusinzia, mkewe alimkamata mkono usifike kwenye swichi, kwa sababu marehemu alikuwa na tabia ya kusema "tumemaliza" huku kamera ikizunguka, na mkia wa filamu hiyo, yaani kilichonaswa baada ya neno hilo, haukuwahi kuonyeshwa kwa watu.

Bosi yuko jukwaani, shada la maua kifuani, anasimulia alivyovumilia mvuke wa dobi kwa ajili ya sanaa, na nyuma yake, kwenye kitambaa cheupe, anaingia bosi yuleyule wa mwaka 1971, begi la safari mkononi, leso puani.

"Nyie, hapa ni wapi? Hawa kina mama wanafanya nini?"

"Wanafua, bosi. Ndiyo filamu yenyewe."

"Filamu gani? Nani kakutuma?"

Ukumbi ukaangua kicheko, wafuaji wazee waliokaa mbele wakasimama, na bosi akageuka, akajikuta anatazamana na uso wake mwenyewe.

Lala kwa amani, mdogo wetu, kazi ni yako.