Kila Chupa ya Chai Ilikuja na Nursing

Nimesimama kumshukuru Mungu, lakini kabla sijashukuru mtaniruhusu nilalamike kidogo. Nimeendesha gari kutoka Stafford, kule karibu na Houston, tangu alfajiri, kiuno kinauma, na mtu wa kwanza hapo mlangoni ameniuliza kama hatimaye nilimaliza nursing, yaani masomo ya unesi. Ndugu zangu, mimi ni profesa wa fizikia. Nimekuwa wa fizikia tangu mnijue.

Kwa wageni, nieleze. Kazi yangu ni chembe zilizo ndogo kuliko atomu. Tunazikimbiza kwa mashine kubwa na kutazama zinavyofanya. Nilitoka Eldoret kusomea hilo, nikalifundisha chuo kimoja hapa Dallas, na sikuwahi kutaka kazi nyingine. Kisha chuo kikafunga kikundi chetu cha utafiti, nami nikaachishwa. Nili-apply kazi kila mahali, nikaambiwa pole. Nikahamia kwa dada yangu hapa Carrollton, pembeni mwa Dallas, chumba cha wageni, nikalala. Sikuwa mgonjwa. Niliona aibu kuamka.

Ndipo mkaanza kuja. Mnajua tulivyo sisi Wakenya wa huku: mtu akipatwa na jambo hatupigi simu, tunatokea tu mlangoni na chupa ya chai na chapati. Waliotoka zamu ya usiku hospitalini walipishana na waliokuwa wakienda kazini. Na kila chupa ya chai ilikuja na nursing. Mmoja alisema kwa kichwa changu masomo hayatanisumbua. Mwingine akasema Mungu amefunga mlango wa chembe kwa sababu zake. Mama mmoja aliniletea yunifomu ya nesi aliyomnunulia bintiye, naye binti wakati huo alikuwa bado high school. Niliijaribu, jamani. Ilinitosha. Nikakaa kitandani nikalia nikiwa nimeivaa.

Nawaambia kwa sababu tunapendana: mlinichosha. Nilifika mahali nikamwambia dada kwamba Jumatatu naenda kujiandikisha, ili tu mninyamazie.

Jumamosi hiyo akaja rafiki wa dada kutoka Houston, nesi kama ninyi nyote. Nikajiandaa kusikia hotuba ile ile. Akanimiminia chai, akaketi, akasema, "Prof, hebu niambie, hizo chembe ulikuwa unazifanyia nini hasa?"

Chapati zote zile, na hakuna aliyekuwa ameniuliza hivyo. Nilianza kueleza nikiwa nimelala, nikamaliza nikiwa nimesimama. Nilimwambia hesabu zangu ni za kujua chembe itaingia ndani ya kitu kiasi gani kabla ya kusimama.

Akaweka kikombe chini. "Inasimama pale unapotaka wewe?"

"Ndiyo, ukiipa mwendo unaofaa."

"Sisi tunatibu saratani hivyo hivyo. Inasimama kwenye uvimbe, haiendelei mbele kuchoma moyo. Na watu wa hesabu hizo wanatafutwa. Unafanya nini kitandani?"

Matibabu hayo niliyajua. Nilikuwa nayafundisha darasani kama mfano, halafu tunaendelea na mambo mengine. Lakini sikumjua mtu hata mmoja katika hospitali zinazoyafanya, na yeye aliwajua. Alinipeleka mwenyewe kwa mkuu wa idara hiyo kwenye hospitali yake Houston, akaningoja nje na chupa yake ya chai.

Ilibidi niwe mwanafunzi tena, wa fizikia ya tiba, katikati ya vijana walioniita ma'am, na huko pia nilichoka. Leo napanga mwendo wa chembe kwa ajili ya wagonjwa, na ninafundisha. Ni profesa tena. Na ndiyo, nafanya kazi hospitalini. Naona mnavyotabasamu. Acheni.

Namshukuru dada yangu aliyenivumilia. Namshukuru yule mama wa Houston. Nawashukuru na ninyi, maana bila chapati zenu nisingekuwa nakula. Ombi langu ni moja: mtu akianguka, mpelekeeni chai, lakini kabla ya kumpangia maisha mwulizeni alikuwa anapenda nini.

Nina sababu ya kulisema leo. Mama mmoja humu ndani alinipigia juzi akiwa amekasirika. Binti yake ameacha nursing, anataka fizikia, na eti mimi nimkanye. Mama, sitamkanya. Ile yunifomu uliyoniletea nimekurudishia, iko kwenye gari, pamoja na chupa ya chai. Chai ndiyo umpelekee. Keti naye, mmiminie, umwulize.