Mchekaji wa Mzee Ormerod

"Kile kichekesho nyota wake nilikuwa mimi," mzee mwenye skafu ya hariri alimwambia mama aliyekaa naye kwenye basi la mji wa Rochdale, Uingereza. Nilikuwa kiti cha nyuma yao na simu yangu imezima, kwa hiyo masikio yalikuwa kazini. Nilisikia kwamba mzee huyo, Ormerod, alikuwa anakwenda maktaba kuwahadithia wastaafu habari za mchezo huo wa televisheni, ulioonyeshwa wiki sita ukakatishwa. "Watu wa televisheni walifuta kanda zote wakarekodi mpira juu yake," alisema, wala hakuonekana kusikitika.

"Nilikuwepo studio siku moja," mama akasema. "Kiwanda kizima tulipakiwa kwenye basi, tukapelekwa kuwa watazamaji wa kucheka. Si wewe uliyeigiza mleta makaa, ukauliza 'Niyaweke wapi?' ukatoka?"

Mzee akaiweka skafu sawa. "Hicho kilikuwa kipindi cha kwanza, mama. Baadaye nilipanda cheo. Na nani atabisha, wakati hakuna kilichobaki?"

"Marehemu kaka yangu aliweka kinasa sauti mbele ya televisheni kila wiki, na sisi marufuku kukohoa. Vipindi vyote sita ninavyo kabatini."

Mzee akamgeukia. "Na mimi nasikika?"

"Vizuri sana. Halafu kimya, halafu mtu mmoja anacheka. Ni mimi huyo."

Basi likasimama maktaba. Mzee akainuka, akashika nguzo, asishuke.

"Mama, una shughuli leo? Nitahitaji mtu wa kucheka."

Mama akauvuta mkoba wake taratibu. "Itategemea kama utawaambia ukweli: uliyaweka wapi yale makaa."