Fintan Mulqueen, Maiti Aliyekataa Kuinuka

Ijumaa hii, tarehe 30 Mei, Fintan Mulqueen anastaafu baada ya miaka arobaini na moja ya kutuandikia, kutuchezea na kututia kiwewe katika Ukumbi wa Maigizo wa Kilmorran. Anaacha tamthilia kumi na tisa, filamu nne na nafasi za uigizaji zisizohesabika, nyingi zikiwa fupi kwa sababu itakayoeleweka hivi punde. Kamati imeniomba mimi, Dympna Hanrahan, niandike wasifu huu kwa kuwa nimeigiza mke wake mara saba, na mara zote saba nimemzika. Nina furaha kuuandika.

Alitujia kutoka kiwanda cha siagi, na tamthilia yake ya kwanza aliiandika kwenye karatasi za kufungia siagi. Mji mzima ulijaa ukumbini, si kwa kupenda sanaa, bali kila mtu alitaka kujua kama ametiwa ndani ya tamthilia hiyo. Waliojikuta mle walinuna wiki nzima. Ambao hawakujikuta walinuna zaidi.

Kuhusu uigizaji wake, tuseme ukweli: sauti anayo, sura anayo, kumbukumbu hana. Maneno aliyoyaandika mwenyewe aliyasahau, akabuni mengine palepale, nasi tukabaki tumemkodolea macho. Mkurugenzi wetu wa wakati huo, marehemu Bi Assumpta Looney, alimwonya kwamba akibuni tena atapewa ufagio afagie jukwaa badala ya kuigiza. Ndipo Fintan akaandika "Ng'ombe wa Marehemu" na kujipa nafasi ya maiti, asiye na mengi ya kukariri.

Jioni ya onyesho la kwanza ukumbi ulifurika. Safu ya mbele alikaa mtayarishaji wa filamu kutoka Dublin, aliyekuja kwa onyesho hilo moja tu. Fintan alikuwa ameacha kazi kiwandani, ana watoto watatu, na tumaini lake lote lilikuwa kwa bwana yule. Kila kitu kilitegemea mwisho wa sehemu ya kwanza, pale maiti anapoinuka jenezani na kuwachamba warithi wake. Mazoezini tulikuwa tukiicheka sehemu hiyo hadi mbavu zinauma.

Pazia likafunguliwa. Jeneza liko wazi, mishumaa inawaka, chai iko mezani, nami mjane nimeketi kando. Hapo Tadhg Considine, mfugaji mzee ambaye hakuwahi kukosa msiba hata mmoja katika parokia yetu, aliona maiti, akaona mjane, na miguu ikamwamulia. Akavua kofia, akapanda jukwaani kuja kunipa mkono. Watu walicheka. Mimi pia nilikuwa karibu kucheka, mpaka aliponitazama vizuri akanitambua.

"Dympna, binti yangu," alisema. "Pole. Malachy alikuwa mtu wa watu."

Malachy alikuwa mume wangu wa kweli. Mwaka uliotangulia alianguka kutoka kwenye jengo alilokuwa akijenga huko Birmingham, akafa, akazikwa hukohuko. Kilmorran haikuliona jeneza lake. Hakuna aliyepanga foleni mlangoni pangu, wala aliyenishika mkono kama desturi yetu inavyotaka. Dukani watu walinikwepa kwa kutojua waseme nini. Sasa kicheko kikakatika. Jirani wa Tadhg akasimama, kisha safu nzima, kisha ukumbi mzima, foleni ikafika mlangoni.

Niliinama jenezani nikamnong'oneza Fintan ainuke, aiokoe tamthilia yake.

"Niache nilale," alisema bila kufumbua macho. "Mimi nimekufa. Wewe pokea wageni wako."

Wakaja wote, mmoja mmoja, wakanishika mkono na kulitaja jina la mume wangu. Wengine waliinywa hata chai ya jukwaani, iliyokuwa baridi na isiyo na sukari. Bwana wa Dublin akatazama saa, akaondoka kuwahi treni. Baadaye Fintan alikiri kwamba alivisikia viatu vyake vikienda zake. Sehemu ya pili haikuchezwa kabisa.

Fintan alirudi kwenye siagi kwa miaka sita. Hatimaye filamu ya tamthilia hiyo ikaja, kwa mtayarishaji mwingine, na tuzo juu yake, na baa zote za Kilmorran ziliishiwa bia nyeusi kabla ya saa ya kufunga. Lakini ile sehemu ya maiti kuinuka alikuwa ameifuta kwenye mswada, na hakuwahi kukubali kuulizwa kwa nini. Nilijua mimi, na mji mzima ulijua.

Asante, Fintan. Malachy wangu aliagwa kwao kwa sababu wewe ulikubali kulala kimya huku bahati yako ikitoka mlangoni. Wenzako tunakuombea pumziko refu, afya njema na kumbukumbu bora kuliko uliyokuwa nayo kazini. Na siku yako itakapofika, iwe mbali sana, Kilmorran nzima itapanga foleni, nami nitakuwa wa kwanza. Siku hiyo, tafadhali, inuka.