Samuel Kombe Shutu, Mjenzi wa Kinubi cha Mwanga

Ndugu waombolezaji, tunayemzika leo ni Samuel Kombe Shutu, aliyezaliwa tarehe 14 Agosti 1979 karibu na Kinango, mtoto wa tatu wa Mzee Shutu na marehemu Mbeyu, na familia inaisoma historia hii ikiwa imepigwa na butwaa, kwa maana sehemu yake kubwa tumeijua juzi tu.

Alisoma shule ya msingi kijijini kwao kuanzia 1986 hadi 1993, akamaliza sekondari 1997, akasomea umeme katika chuo cha ufundi, na mwaka 2001 akaajiriwa fundi wa sauti na taa katika hoteli moja ya Diani, mpaka korona ilipozifunga hoteli, naye akafungua kibanda cha kutengeneza redio Kona ya Musa. Tarehe 10 Desemba 2005 alifunga ndoa na Sidi, wakajaliwa Mwero na Mbeyu.

Kibandani ndipo alipoanza kujenga kinubi chake, fremu ya mbao isiyo na uzi hata mmoja, mahali pa nyuzi pakiwa na miale ya leza, kila mwale ukiangukia kifaa kidogo kinachohisi mwanga, na mkono unapoukata mwale, kifaa kile huona giza, na kompyuta ndogo hutoa sauti yake. Miale ile haionekani bila moshi, basi jirani yao Mwanarusi aliwapa chetezo na ubani, na kila Jumamosi Samuel na wenzake Nassir, Jaafar na Hasina walikutana Mwabungo, wakifukizana kama maharusi, hata Sidi akawa anasema kwamba mumewe ameoa mke wa pili asiyekula wala kuzeeka.

Tangu Agosti 2022 Samuel alikuwa akimwomba mkewe atembee upande wake wa kushoto daima, na Sidi, tusimfiche, alijivuna kwa hilo, akidhani ni mahaba ya utu uzima. Jumanne tarehe 10 Juni 2025 walitoka sokoni pamoja, Sidi akabaki nyuma kuchagua nyanya, Samuel akatangulia kuvuka barabara, na pikipiki ikamgonga ikitokea kushoto, mchana kweupe, watu wote wakiiona isipokuwa yeye. Alifariki Alhamisi tarehe 12, hospitalini Msambweni.

Daktari ndiye aliyemuuliza Sidi jicho la kushoto lilikufa lini. Sidi alimwambia amekosea mgonjwa. Ndipo Nassir, akilia, alipokiri kwamba mwaka ule wa 2022 walinunua leza iliyoandikwa kuwa ni hafifu, kumbe ni kali, wakaijaribu bila miwani ya kinga, mwale ukapiga sinia lililowekwa chetezo, ukarudi ukamwingia Samuel jichoni, naye akawaapisha wote wasimwambie mkewe, asije akakivunja kinubi. Mficha maradhi kilio humuumbua, wazee walisema, lakini hatukujua kwamba kilio chenyewe kitakuwa chetu, na Sidi hajalala tangu siku hiyo, akijiuliza nyanya zile zilikuwa na haraka gani.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi wa Msambweni, majirani waliopika na kufagia, mafundi wa Kona ya Musa, na Mwanarusi ambaye hajaondoka hapa nyumbani.

Shukrani za marafiki wa kinubi tumeziweka mwisho kwa sababu. Jumapili Sidi aliwaita wote watatu, akawasimamisha mbele ya kalenda ya ukutani, akawaamuru wazibe jicho moja moja na kusoma. Hasina alisoma, Nassir akasoma. Jaafar, aliyeturuhusu tuyaseme haya mbele yenu, alisoma kwa jicho la kwanza, akabadilisha mkono, kisha akasema, "Shemeji, huku mimi sioni kitu, na mke wangu hajui." Mkewe ameketi hapa nasi, aliambiwa usiku uleule, na Jumatatu wanakwenda kwa daktari wa macho, Sidi akiwa pamoja nao.

Nenda kapumzike kwa amani, Baba Mwero, hili la Jaafar tuachie sisi.