Bi. Nafiso Dualeh na Rafu ya Ndoa za Makubaliano

Ijumaa, tarehe 31 Oktoba 2025, Bi. Nafiso Dualeh, Mkutubi Mkuu wa Maktaba yetu ya Jamii hapa Isiolo, anastaafu baada ya miaka thelathini na mmoja na miezi mitano kazini. Aliingia Jumanne, tarehe 3 Mei 1994, akiwa karani wa kupiga vitabu mihuri. Anatoka akiwa mkuu wetu sote, na bado ana ile sauti yake ya kunong'ona inayosikika mpaka barabarani.

Kamati imenipa mimi, Kagwiria Kiambi, naibu wake kwa miaka kumi na miwili, kazi ya kuandika wasifu huu. Kuna waliocheka waliposikia, na wana haki. Mimi ndiye niliyeiandikia kamati hiyo hiyo barua mwezi wa Februari, nikitaka rafu anayoipenda Bi. Nafiso kuliko zote iondolewe kabla hajastaafu. Nitaeleza yote, maana nikificha, yeye mwenyewe atasimama hapa ukumbini anisahihishe.

Bi. Nafiso ni mtoto wa Isiolo hasa. Babu yake alikuwa askari wa mkoloni aliyepewa makao hapa vita vilipokwisha, na baba yake akawa mtu wa malori. Nyumbani kwao kulikuwa na vipuri kila pembe, na kitabu kilikuwa kimoja tu, Msahafu. Alisoma kwa taabu, akafaulu, na alipopata kazi ya maktaba watu wa kwao walidhani ni kazi ya kupangusa vumbi. Vumbi alipangusa kweli, Isiolo vumbi halina likizo, lakini kila kitabu alichokipangusa alikifungua.

Mwaka 1997 maktaba iliomba msaada wa vitabu vya kilimo na mifugo. Yakaletwa makatoni manne ya riwaya za mapenzi za Kiingereza, za zama za kale huko Ulaya, zenye makabaila, mabinti wa glavu nyeupe na magari ya kukokotwa na farasi. Karibu zote zilikuwa na kisa cha aina moja. Mwanamume na mwanamke wanaoana kwa makubaliano, si kwa mapenzi. Mmoja anahitaji mlezi wa watoto wake, mwingine anahitaji paa juu ya kichwa. Wanapeana masharti, wanafunga ndoa, ndipo hadithi inapoanza. Mkuu wa wakati huo alisema vitabu hivyo vikachanwe vifungie sukari madukani. Nafiso akaomba asome kimoja kwanza saa ya chakula. Alirudi mezani saa kumi jioni, na habari ya sukari haikutajwa tena.

Hakuanza bila makosa. Kwa kuwa majalada yalitaja mikataba ya ndoa, alivipanga vyote katika sehemu ya Sheria. Mzee Chachu wa Burat, aliyekuwa na kesi ya mpaka wa shamba, akaazima kimoja na kukaa nacho wiki tatu. Aliporudi alisema kifungu cha kumsaidia hakukiona, ila alitaka kujua kama yule nahodha alimrudisha mke wake, maana kurasa za mwisho zilikuwa zimechanika. Nafiso alimsimulia mwisho wote huku foleni ikingoja. Kesi mzee alishindwa, lakini vitabu hakuviacha mpaka macho yalipomkataa.

Kuna Ewesit pia, askari wetu wa lango, ambaye Kiingereza hakisomi. Kila asubuhi Nafiso humsimulia sura moja kwa Kiswahili wakati chai inachemka. Ewesit hukasirika kwelikweli. Hajawahi kukubali kwamba kabaila anaweza kuoa kwa pete peke yake, bila ng'ombe, bila ngamia, bila hata mbuzi mmoja wa kusitiri aibu, halafu anashangaa kwa nini bibi hamheshimu. Kwa maoni yake, taabu zote za vitabu vile zingekwisha ukurasa wa kumi kama watu wangelipa mahari.

Ni Nafiso aliyeanzisha sanduku la vitabu la kuzunguka, Burat kila Jumatano, Kipsing mara moja kwa mwezi, na Sericho barabara inapokubali. Mwaka 2011 haikukubali. Lori la Noor, dereva wa hapa mjini, ambalo lilikuwa limembeba yeye na sanduku lake, lilikwama kwenye laga, mto wa msimu, siku nzima. Nafiso akakaa juu ya magunia akawatafsiria abiria kitabu, mara kwa Kiswahili, mara kwa Kisomali. Noor alipofanikiwa kulitoa lori topeni, abiria walimwambia asiondoke kwanza, sura haijaisha. Noor mwenyewe alizima injini, akasikiliza.

Wengi wamemuuliza kwa nini watu wa hapa, wafugaji, wakulima, wauza miraa, wake wa askari, wanapenda hadithi za watu wasiowahi kuona ngamia. Jibu lake halijabadilika. Husema kwamba hadithi nyingi za mapenzi hutuuliza kama wawili hao wataoana, na sisi Isiolo harusi hazitushindi. Harusi ni Jumamosi, kuna pilau na kelele. Ndoa ni Jumatatu. Vitabu vile vinaanza Jumatatu. Watu wawili wasiojuana wako nyumba moja, mlango umefungwa, na lazima mmoja aulize mwenzake anakunywa chai namna gani. Msomaji anajua watapendana, hilo halimsumbui. Anachongoja ni kuona nani atalegeza sharti lake kwanza, na kwa jambo dogo kiasi gani. Mke aliyeolewa na mtu aliyechaguliwa na wazee husoma hapo akajiona. Aliyejichagulia mwenyewe na akajuta, naye husoma.

Mimi hoja hiyo haikunitosha, na sasa nifike kwenye barua yangu.

Kabla ya kuja maktaba nilikuwa mwalimu wa shule ya msingi mbali na mji. Katika mwaka mmoja niliwapoteza wasichana wanne wa darasa la saba. Hawakufa, waliozwa. Nilikuwa nikiita majina asubuhi na majina manne hayaitikiwi, na wenzao wanaangalia chini. Sasa kila nilipomwona msichana wa sekondari akikumbatia kitabu ambamo binti anaozwa kwa mtu asiyemjua na mwisho ni furaha tele, nilisikia uchungu. Niliandika kwamba katika kaunti ambapo bado kuna wasichana wanaotolewa darasani kwenda kuolewa, hatuna ruhusa ya kuwaambia kwamba mapenzi yatakuja baadaye. Niliomba rafu iondolewe, mahali pake pawekwe vitabu vya kudurusu mitihani. Mzee Mutea, mwenyekiti wa kamati, mwalimu mkuu mstaafu, akapanga kikao kiwe tarehe 10 Septemba.

Nafiso alipoisoma barua hakunigombeza. Siku tatu hakunywa chai nami, na wanaomfahamu wanajua hiyo ni hasira ya kuvunja mlango. Siku ya nne alikuja na daftari jipya. Alisema hoja yangu ni ya kweli, na kwa kuwa ni ya kweli hataijibu kwa maneno. Akaapa kwamba hataenda nyumbani akiacha nyuma kitabu kimoja kitakachomdanganya mtoto wa mtu, na hatakubali pia kimoja kisicho na kosa kitupwe.

Vitabu vilikuwa mia tatu na kumi na viwili. Alivisoma vyote upya. Alianza Ramadhani ikiwa imeingia, akiwa na saumu na joto la Machi, na miwani iliyofungwa kwa uzi. Kila kitabu alikiuliza maswali mawili tu. Je, mwanamke alisema ndiyo kwa kinywa chake mwenyewe, akijua anachokubali? Na je, angetaka kuondoka, mlango ulikuwepo? Aprili, Mei, Juni. Tulimwambia apumzike, ana miezi michache tu ya kazi, mwajiri gani atamdai? Alijibu kwamba kustaafu ni Oktoba na leo si Oktoba.

Mwisho wa Agosti aliweka vitabu arobaini na saba juu ya meza yangu. Hivi ni vyako, akasema, ulikuwa na haki. Katika hivyo kilikuwemo kile cha nahodha, cha Mzee Chachu, kipenzi cha Nafiso cha miaka yote. Nilimuuliza kulikoni. Alinionyesha ukurasa ambapo nahodha anazificha barua za mke wake asipate habari za kwao, na kitabu kinatutaka tumwone kuwa ni mtu wa mapenzi makali. Alikiri kwamba alikuwa amekisoma mara kumi na moja bila kuuona ubaya huo. Akavua miwani yake ya uzi akaifuta. Mimi nikatoka nje nikajifanya natafuta funguo.

Hata hivyo sikuiondoa barua yangu. Bado vilibaki mia mbili sitini na vitano, na bado niliogopa. Tukaingia kikaoni hivyo, yeye upande wake wa meza na mimi wangu.

Mzee Mutea hajamaliza kufungua kikao, Noor akaingia. Ndiye huyo huyo Noor wa lori. Alitoa salamu kwa haraka akaanza kufoka. Binti yake, Fahmo, mwenye miaka ishirini na mmoja, anasomea uuguzi, alikuwa amepata mchumba, Abdihakim, kijana wa familia njema. Wazee wa kijana walikuja, mbuzi akachinjwa. Kabla hawajanawa mikono, Fahmo akaomba ruhusa akae kikaoni, akatoa karatasi, akasoma masharti yake. Amalize chuo kwanza, bado miaka miwili. Mshahara wake uwe wake. Amwone mama yake wakati wowote anaotaka. Na kama kutakuja mke wa pili, aambiwe na mume mwenyewe, asisikie sokoni. Wazee wakatazamana, wakanywa chai, wakasema watarudi. Nyama hawakuigusa. Wallahi, mbuzi mzima! Noor alipomuuliza binti amefundishwa na nani, alimletea kitabu chenye muhuri wetu. Kumbe yule bibi wa kitabuni alimsomea kabaila masharti yake kabla ya ndoa. Noor alitaka rafu yote iondolewe siku hiyo hiyo, na lori la kuibebea lilikuwa nje.

Mzee Mutea, kwa upole wake, alimuuliza ni sharti lipi kati ya yale manne lilikuwa baya, kwa dini au kwa desturi. Noor aliyahesabu kwa vidole. Halafu akasema, kusema ukweli, hakuna. Kilichomchoma ni kwamba binti aliyasema mwenyewe, mbele ya wazee. Na mbuzi.

Ndugu zangu, mimi nilikuwa nimekaa pale na barua yangu mkononi. Majina yangu manne hayakuwa na karatasi. Hakuna aliyewahi kuwaonyesha kwamba mtu anaweza kusema ndiyo yenye masharti, wala kwamba masharti hayo anaweza kuyaandika yeye. Niliingia kikaoni nikidhani vitabu vile vinamfundisha msichana kungoja mapenzi, na baba huyu alikuja kulalamika kwamba vimemfundisha binti yake kusema. Nilisimama nikaomba kuiondoa barua yangu. Nililia, na sioni aibu kuandika hivyo. Kamati ilipiga kura juu ya ombi la Noor, saba kwa wawili. Rafu ikabaki. Nafiso hakushangilia. Alimwendea Noor akamwomba msamaha kwa ajili ya mbuzi, lakini kwa lile jingine, la binti kusema, hakuomba, akamwambia hataomba.

Wiki iliyofuata Abdihakim alikuja maktaba peke yake, akaulizia kwa sauti ya chini kile kitabu. Alitaka kujua ameombwa nini hasa, na yule kabaila alijibu vipi. Amekiongeza muda mara mbili. Fahmo bado hajampa jibu la uchumba, amesema sharti la kwanza liko wazi, chuo kwanza. Mwezi uliopita alirudi chuoni kwa lori la baba yake, godoro nyuma, yeye mbele. Noor bado anatukumbusha habari ya nyama kila akipita hapa.

Mcheza kwao hutunzwa. Bi. Nafiso, wewe umecheza kwenu miaka thelathini na mmoja, na wasomaji waliokuja leo kutoka Burat, Kipsing na hata Sericho ndio tuzo yako. Kwa niaba ya kamati, ya Ewesit na ya kila mtu uliyemchelewesha kazini kwa sababu ya sura moja tu zaidi, asante. Asante pia kwa kunishinda bila kunidharau, na kwa arobaini na saba ulivyonipa ingawa viliuma. Nitakukosa sana, na chai peke yangu sijui nitainywaje. Mungu akupe afya, macho mazuri na miaka mingi ya kusoma bila kupigiwa kengele ya kufunga. Nenda ukapumzike vizuri, dada yangu. Vitabu vyako mia mbili sitini na vitano viko salama. Akija mtu na barua ya kuviondoa atanikuta mlangoni, na mimi barua hiyo najua inavyoandikwa.