Marando ya Kija Yana Vidole

Benchi letu ni ubao mmoja uliolazwa juu ya mawe mawili, na mawe hayo hakuna aliyeyaleta. Mungu aliyaweka hapo kabla ya mji wa Mwanza, sisi tukaongeza ubao tu. Wanaosubiri kivuko cha Kamanga hupita hapo, na sisi tusiosubiri kivuko chochote hukaa. Bilali anachemsha kahawa. Injini, ambaye kwao wanamwita Venant, anatengeneza mashine za mitumbwi, na mikono yake sijawahi kuiona imetakata. Toroli alikuwa akisukuma toroli la mizigo getini kwa kivuko mpaka mgongo ukakataa, sasa anasukuma maneno. Mimi wananiita Shemasi kwa sababu ya kanisa. Niliishia darasa la saba, kwa hiyo nikikosea jambo la kitaalamu msomaji anivumilie. Jumanne hii Bernadeta, anayeuza kashata pembeni ya jiko la Bilali, alikuja na gunia lililolowa kichwani badala ya beseni lake.

— Shikamooni, alisema.

— Marahaba, mayu, tukaitikia mimi na Bilali, tulio wakubwa; mayu kwa Kisukuma ni mama.

— Naona leo kashata zimetoa majani, akasema Toroli.

Bernadeta hakucheka. Alifungua gunia, tukaona marando ya viazi vitamu, yale mashina ya kupandia, yamefungwa kwa kamba, bado yana ubichi wa Misungwi alikotoka nayo alfajiri.

— Kivuko cha saa nne kinamleta mwanamke kutoka Kamanga, akasema. Anakuja kuyachukua haya. Kabla hajafika naomba mniambie kitu kimoja. Hii ni Kija, au siyo Kija?

Hapa inabidi nieleze. Kija alikuwa mama yake Bernadeta, Mungu amrehemu. Kijijini kwao, mtu akikupa marando mazuri, kiazi hicho unakiita kwa jina lake yeye aliyekupa. Mwenyewe huwezi kukipa jina lako, ni kama kujipigia makofi. Bi Kija aligawa marando yake karibu nusu ya kata, basi watu wakawa wanakula Kija, wanakata na kukausha michembe ya Kija, wanapeleka Kija sokoni. Halafu ukaja ule ugonjwa wa kukunja majani. Kiazi kikaisha chote, na mwaka uliofuata mama naye akaenda.

— Msimu huu nilienda kulima shamba lake, akasema Bernadeta. Kwenye tuta la zamani, pembeni kabisa, nikakuta shina moja limeota lenyewe. Sikupanda mimi, hakupanda mtu. Nimechimba, ganda jekundu vilevile kama la mama. Lakini angalieni jani.

Tukaangalia. Jani la Kija tulilijua wote, maana Bernadeta alikuwa akituletea matembele ya kwao. Lilikuwa la mviringo, kama moyo. Hili lilikuwa limechanika vidole vitano.

— Siyo Kija, akasema Bilali. Kija sikumjua na vidole.

— Mkono mtupu haulambwi, akasema Toroli.

— Hiyo imeingiaje hapa? akauliza Bilali.

— Si unaona mkono huo? Nasema tu msiukatae.

Injini alifuta mikono kwa tambara lililo chafu kuliko mikono yenyewe.

— Jamani, hili ni jambo la kiufundi. Mmea unajirekebisha. Mayu, shamba la mama limepakana na nini?

— Upande mmoja mihogo.

— Mmeona. Mbuzi anapita. Akikuta jani la moyo, anakula. Akikuta la muhogo mchungu, anakumbuka tumbo lilivyomfanya juzi, anaacha. Kiazi kimekaa pale miaka yote kinaangalia. Kikaamua kuvaa jani la muhogo.

— Kina macho? akauliza Bilali.

— Hakihitaji macho. Kila mwaka linaloota limechanika kidogo linabaki, lisilochanika linaliwa. Mwisho yanabaki yaliyochanika tu. Haba na haba hujaza kibaba.

Niliona pana akili hapo, ila sikusema, kwa kuwa Injini akisifiwa hanyamazi mpaka jioni.

— Kama ni mambo ya mbuzi, akasema Toroli, basi mimi nawaambia gugu maji lilikotoka. Lilikuwa mmea wa nchi kavu, huko huko Misungwi. Mbuzi wakalisumbua mpaka likachoka. Likaanza kusogea. Mwaka huu hatua, mwaka kesho hatua, mpaka likafika ziwani. Kuogelea halijui. Ndiyo maana lina vile vivimbe vyenye hewa kwenye shina. Lile ni boya, ngosha. Limejivalisha lenyewe. Maji ukiyavulia nguo, yaoge.

— Gugu maji lililetwa na watu, akasema Bilali. Lilitoka mbali huko, walipenda ua lake.

— Na hao watu walilikuta wapi? Njiani, linaelekea ziwani.

Bernadeta alikuwa ametazama majini. Kivuko kilikuwa kimeshaondoka ng'ambo, kinaonekana kidogo tu, kama kimesimama.

— Mimi nimeuliza kuhusu mama, akasema.

Tuliona aibu. Nikajua ni zamu yangu, na nakiri kwamba nilikuwa nimeandaa la kusema tangu alipofungua gunia, nikitaka nionekane mwenye busara.

— Maandiko yanatuambia Adamu aliletewa wanyama na ndege, akawapa majina, nikasema. Sijasoma popote kwamba aliletewa mimea. Siku zote najiuliza ilibaki kwa nani.

— Kwa Hawa, akasema Bernadeta.

— Ndivyo ninavyoona. Kwa hiyo wewe ukisema ni Kija, ni Kija.

— Siwezi, Shemasi. Nikisema ni Kija na kumbe siyo, nimemweka mama kwa uongo midomoni mwa watu wasiomjua. Nikisema siyo, basi ndiyo imeisha. Hakuna tena mtu atakayeketi na sahani yake akasema leo nakula Kija.

Bilali akammiminia kahawa bila kuombwa.

— Hebu niambie, akasema. Shina hilo lilitoka kwenye rando la zamani lililobaki ardhini, au lilitoka kwenye mbegu?

— Kiazi kitamu hakina mbegu, akasema Toroli.

— Kinayo, akasema Bernadeta. Mwaka ule wa ugonjwa Kija ilitoa maua sana. Niliviona vifuko vyake vimekauka, ndani mna vitu vyeusi, vigumu, kama vichwa vya njiti za kiberiti. Na lile tuta tulishang'oa kila kitu tukachoma.

— Basi ni mbegu, akasema Bilali polepole. Ukipanda rando, unapanda yule yule, ni kama kukata kitambaa kimoja vipande. Lakini mbegu ni mtoto. Na mtoto ana baba.

Baba hakuna aliyekuwa amemfikiria. Hata Injini aliacha tambara.

— Upande wa pili wa shamba nani alikuwa anapanda viazi? akauliza.

Bernadeta alikunywa kahawa kwanza.

— Mihayo.

— Jani lake?

— Lina vidole.

Toroli akashika kichwa. Mihayo tulimjua sote kwa masimulizi ya Bernadeta. Bi Kija aligombana naye kuhusu mpaka wa shamba hadi akafa hajamsamehe, na hata kanisani walikuwa wanakaa wamepeana mgongo.

— Kumbe wakati wenyewe wanagombana juu, viazi vilikuwa vinaelewana, akasema Injini. Nyuki hao. Nyuki hana habari na mpaka.

— Wapiganapo tembo nyasi huumia, akasema Toroli.

— Hizi hazikuumia, akasema Bilali. Zimeoana.

— Basi jina limeshapatikana, akasema Toroli. Mtoto ni wa baba. Huyu ni Mihayo.

— Afadhali nikayatupe ziwani, akasema Bernadeta, na sauti yake haikupanda hata kidogo.

— Ngojeni, nikasema. Kwetu ng'ombe wa mahari wasipotolewa, mtoto ni wa kwa mama yake. Mihayo alitoa ng'ombe?

— Mihayo? Hata mbuzi wake walikuja kwetu kula tu.

— Basi kesi imekwisha.

— Haijaisha, akasema Injini. Wataalamu hawahesabu ng'ombe. Bwana shamba mmoja niliyemtengenezea mashine aliniambia wao wanaangalia sana ua. Kila mmea wanaupa majina mawili, la ukoo na la kwake. Kiazi kitamu ni ukoo mmoja na lile ua la zambarau linalotambaa kwenye uzio wa gesti pale. Kiazi mviringo hakimo. Kile ni ukoo wa nyanya.

— Viazi kwa viazi si ndugu?

— Si ndugu, mzee Bilali. Jina limewakutanisha tu, kama benchi lilivyokukutanisha wewe na Toroli.

— Kwa hiyo nikila chipsi na nyanya, akasema Toroli, nimekaanga ukoo mzima.

— Wewe wangekupanga na kasuku, akasema Bilali.

Bernadeta alitabasamu kwa mara ya kwanza. Honi ya kivuko ikalia, tabasamu likaondoka. Watu walianza kupanda kutoka getini na kuku wao na mikungu yao ya ndizi, na katikati yao akaja mwanamke mwembamba, ushungi wa kijani, viatu kavishika mkononi.

— Asalaam aleikum. Habari za hapa. Bernadeta ni yupi?

— Aleikum salaam, karibu, akasema Bilali, akampisha kwenye ubao.

— Mimi Mwaija. Tuliongea kwa simu.

Alichukua rando moja, akaligeuza jani, akanusa mahali palipokatwa.

— Niliambiwa ni Kija. Mama mkwe wangu aliwahi kuipanda zamani, ndiye aliyenituma. Jani lake alinieleza tofauti.

Tukamweleza. Nakiri tulimweleza wote kwa pamoja: mbuzi, mihogo, nyuki, ng'ombe wasiotolewa, Hawa. Toroli akaliingiza na gugu maji na boya lake. Mwaija alisikiliza mpaka kahawa aliyopewa ikapoa mkononi.

— Nimeelewa, akasema. Naomba kuuliza kitu. Mama yako marehemu, hiyo yake aliipata wapi?

— Alikuja nayo alipoolewa, akasema Bernadeta. Aliibeba kichwani kutoka kwao.

— Kwa hiyo huko kwao haikuwa Kija. Ilikuwa inaitwa nani?

Toroli alitafuta methali, nilimwona anaitafuta, akaikosa. Mimi nilimwomba Mungu anipe neno, hakunipa. Bilali aliinamisha birika juu ya kikombe, likatoa tone moja na machicha.

— Kuna mwanamke alimpa mama, akasema Bernadeta. Sijawahi hata siku moja kumfikiria.

Akafungua kamba. Aligawa marando mafungu mawili, fungu kubwa akamwekea Mwaija mapajani, dogo akalirudisha kwenye gunia.

— Wewe ndiye unayepokea, akasema. Utaiitaje?

— Desturi naijua. Nitaiita Bernadeta.

— Sawa. Ila mtu akikuuliza, mwambie mama yake alikuwa Kija.

— Nitamwambia.

Toroli akafungua mdomo aongeze habari za baba. Nikamkanyaga mguu, na Mungu anisamehe, nilimkanyaga kwa nguvu kuliko ilivyohitajika.