Tauno Hirvasniemi, Mwoga Aliyewatisha Wengi

Ndugu wa Kuhmo, nanyi mliokuja na theluji hii kutoka Helsinki, marehemu Tauno Hirvasniemi alizaliwa hapa Kuhmo tarehe 9 Novemba 1948, mtoto wa pili wa mkata magogo Eemeli na mkewe Lempi, na tangu utotoni alikuwa mwoga, barafu ya ziwa ikilia kwa kupasuka alijificha nyuma ya jiko, kisha akaitafuta sauti ileile kwenye kinanda cha kanisa.

Alisoma shule ya msingi hapahapa, akahitimu masomo ya muziki Helsinki mwezi Mei 1972, na kuanzia 1974 alitunga muziki wa filamu kumi na tisa, nyingi za kutisha, kwani alijua hofu inapoingilia mwilini. Tarehe 12 Juni 1976 alifunga ndoa mjini Oulu na mwalimu Marketta, wakajaliwa binti mmoja, Saima, aliyezaliwa 1979.

Uigizaji ulimjia bila kuutafuta, Machi 1983, mwigizaji wa nafasi ya muuaji katika filamu moja ya kutisha alipougua na mwongozaji Ahti Lehtoranta akamtania, "Wewe Tauno, sura yako inatisha kuliko muziki wako, hebu vaa koti hili." Akalivaa, akatembea juu ya ziwa, barafu ikakatika akazama hadi kifuani, na ukelele wake, ambao watu waliusifu kwa miaka mingi, haukuwa maigizo. Aliigiza filamu sita baada ya hapo, lakini hakukanyaga barafu tena, na wala hakumwambia mtu sababu ila mkewe.

Mwaka 2016 madaktari wa Oulu walimkuta na ugonjwa wa kupoteza kumbukumbu. Jioni moja ya Januari 2019 televisheni ilionyesha filamu ile, naye akaruka kitini.

"Marketta, funga mlango! Yule mtu anakuja!"

"Mume wangu, yule ni wewe."

Lilikuwa kosa la upendo, kwani tangu siku hiyo alivikimbia vioo vyote vya nyumba, akasikia muziki mahali pasipo na muziki, akamsihi kila aliyeingia asimwache na yule mzee mwenye koti. Marketta alivifunika vioo kwa mashuka, akalala ameushika mkono wake kwa miaka minne.

Alfajiri ya tarehe 2 Februari 2023, hospitalini, alimwambia Saima, "Waambie wazime kamera, mwanangu, naogopa."

"Tumezima, baba. Wote wamekwenda kunywa kahawa."

Akashusha pumzi, mabega yakalegea, na saa moja kasorobo akatutoka.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, jirani Kyllikki aliyekuja na mkate wa shayiri hata njia ilipozibwa na theluji, na wenzake wa filamu waliolibeba jeneza. Kaka Tauno, mimi dada yako Hellevi nakuaga kwa niaba ya wote, pumzika kwa amani, hakuna anayekuja.